Mama wa Stendi Niliyemlisha Maneno

Saumu mwanangu,

Sasa hivi umenisimamishia simu juu ya sanduku lako, umeiegemeza kwenye chupa ya maji, ukazima sauti, ukakirudisha kile kipande cha yule mama na mtoto wake stendi. Ukanitazama. Ukasema, "Tafsiri hapa, Mama. Lakini leo useme kweli." Nikakuambia acha utani, una safari ya Tanga leo. Ukasema, "Vyerehani vikinyamaza narudi. Uwe tayari." Ukavaa ndara zangu, zile kubwa, ukashuka kwa Mama Yanti kumuaga.

Nimejaribu. Nimekaa mbele ya simu, nimekohoa kidogo kama kawaida yangu kabla ya kuanza, nikafungua mdomo. Hakikutoka kitu. Mimi ambaye watu wa Tanga wasionijua sura wananijua sauti. Ndiyo nimechana karatasi kwenye daftari lako la hesabu naandika. Mwandiko wangu unaujua, niliishia darasa la saba, uvumilie. Saa hizi ni kumi na robo. Vyerehani vya chini vitanyamaza saa kumi na mbili, wafanyakazi wakienda kula, na gari la uwanja wa ndege linakuja saa mbili. Nikimaliza barua nitaitia chini ya mitandio yako, uikute ukifika.

Mambo ya mswaki na neti na kunywa maji yaliyochemshwa, Bi Rehema atakukumbusha njia nzima mpaka umchoke. Kila maonyesho ya biashara ya Pazhou yakiisha anarudi Tanga na mizigo yake, njia anaijua kuliko rubani. Mimi niache niseme yangu.

Nianze na kutafsiri, maana wewe umekua umenikuta nafanya na hujawahi kuniuliza nilijifunzia wapi. Nilijifunzia ukutani. Pale Ngamiani palikuwa na kibandaumiza, banda la mabati la kuonyeshea filamu, na mimi nikiwa na miaka kumi na mitano nilikuwa nauza ubuyu nje yake. Ndani sikuingia, bibi yako angenivunja miguu. Lakini sauti ya mtafsiri ilikuwa inatoka kwenye matundu ya mabati. Filamu ya Kichina, anatafsiri. Ya Kihindi, anatafsiri. Nilisema moyoni, huyu mtu kasoma lugha zote za dunia. Nilikuja kujua baadaye kwamba hajui hata moja. Anatazama nyuso, anakisia. Mtu akikunja uso anamtukania, akilia anamliza zaidi, akinyamaza anamtungia maneno. Na watu wanalia kweli.

Nilipofika huku China, hapa Guangzhou, baba yako alikuwa anashinda viwandani na wateja wake, wakati mwingine wiki mbili simwoni. Asubuhi nakwenda mtaa wa Xiaobei kufunga robota za mizigo kwenye ofisi ya kago, jioni narudi chumbani, sina wa kuongea naye. Zilipita siku sijatamka sentensi nzima ya Kiswahili mbele ya mtu. Nikaanza kuweka tamthilia kwenye simu na kuwasemea wale waigizaji, kwa sauti, peke yangu. Si kwa kutafuta kazi. Nilitaka nisikie kuna watu wanaongea chumbani. Nikamtumia Dulla kipande, nikicheka tu, yule Dulla wa Dar mwenye chaneli. Akanipigia hapo hapo. "Dada, nitafsirie za Indonesia," akasema. "Kina mama wanazitaka sana. Wanajifunika kama sisi, wanafuturu kama sisi, na mama wakwe zao wabaya kama wetu." Akaongeza, "Ila punguza huzuni. Wewe hata mtu akinywa chai unamfanya kama amefiwa."

Basi ndiyo hivyo. Wakinywa chai, wamefiwa.

Za mizimu ndizo zilinishinda. Unakumbuka ile ya maiti aliyeamka na sanda yake, amefungwa kichwani na miguuni, anaruka-ruka kama kwenye mbio za magunia? Wewe ulicheka mpaka ukaanguka. Bibi yako aliitazama akiwa na mashoga zake, usiku wakaogopa kurudi makwao wakalala wote pale. Asubuhi akanipigia: "Mwanangu, uchawi wa huko umekosa adabu. Maiti wa Kiislamu unamrusha hivyo?" Nikamwambia Mama, si mimi ninayemrusha. Akasema, "Sauti ni yako."

Neno hilo la bibi yako nililicheka. Sasa silicheki.

Na Mama Yanti nilimpataje? Uliniuliza siku moja nikakujibu haraka haraka kwa sababu nilikuwa napika. Nilikuwa nafua, baba yako ameshahamia kaskazini kwa mke wake mwingine, wewe ulikuwa darasani kwa Mwalimu Bea. Nikasikia muziki unapanda ngazi. Ngoma inadunda chini, filimbi inalia juu, mwanamke anaimba kama anamlalamikia mtu aliyempikia akaacha kula. Nikasema hii ni taarabu, jamani, hii ni taarabu ya kwetu, ila imeolewa mbali. Nikashuka na mapovu mikononi. Mlango uko wazi, mwanamke mfupi ameshika mwiko kama maiki, macho ameyafumba. Aliponiona hakushtuka. Akanipa mwiko.

Hatukuwa na lugha hata moja. Akanionyesha kwenye simu mwimbaji wa dangdut, muziki wa kwao Indonesia, kwenye harusi, na watu wanainuka mmoja mmoja wanacheza kumwendea, wanamshikisha noti mkononi. Nikasema, "Wanatunza," nikamwonyesha kina mama wa Tanga wanavyotunza. Tulitazama simu mbili kwa pamoja, ya kwake na ya kwangu, na wale wanawake wakawa wanacheza mwendo mmoja. Jioni ile nilikula chakula ambacho sikukipika mwenyewe. Huwezi kujua ni kitu kikubwa kiasi gani mpaka upitishe mwaka mzima ukila cha mkono wako.

Wewe ndiye uliyekuwa na akili. Mimi na yeye tuliridhika na mwiko na kucheka, wewe ukachukua lugha. Ukawa unakaa kwake unatazama video zao, yule bibi anayesaga pilipili kwenye kinu cha jiwe, wale vijana wanaokwenda kulala kwenye nyumba zenye mizimu halafu wanakimbia wakiacha viatu, na nyimbo zote za dangdut za Mama Yanti na maneno yake. Miaka mitatu tu ukawa unagombana naye kwa Kiindonesia. Mimi nilijivuna sana. Sikujua kwamba unanikaribia.

Maana nilikuwa nimekufanya msaidizi wangu. Lile kabati letu la kurekodia, wewe na mimi ndani, godoro limeegemezwa mlangoni, saa kumi na mbili kamili vyerehani vikinyamaza. Unakumbuka nilivyomwendea laoban, bosi wa pale chini, kumwomba atuzimie mashine dakika kumi tu mchana? Akasema "meiyou," neno ambalo hapa maana yake hakuna, haiwezekani, na ondoka. Mama Yanti ndiye aliyetucheka. Akatuonyesha mitandio inayoshonwa pale, yeye ndiye anayeisimamia kwa wateja wake wa Surabaya. Yule mwigizaji wetu akivaa rangi ya zambarau wiki hii, wiki ijayo mashine zote zinashona zambarau. Tamthilia ile ile tunayoitafsiri ndiyo inayotupigia kelele tusiitafsiri. Kwenye kurekodi, wewe ulipiga vishindo vya miguu ya watu wote, kwa ndara kwenye ubao. Ulimimina mchele kwenye sinia ikawa mvua. Na ukawa watoto wote. Kila mtoto aliyelia kwenye tamthilia zangu, ni wewe uliyelia.

Ndipo ikaja ile ya mama wa stendi.

Nakwambia nilivyoiona mimi. Mama kijana, begi moja, basi linanguruma. Anakwenda nchi za mbali kufanya kazi za ndani, hilo nililielewa kwa pasipoti aliyoshika. Mtoto amesimama na bibi yake. Mama anachuchumaa, anamshika mtoto mabega, anasema maneno machache, anapanda. Uso wake haukunionyesha kitu. Nikaona hapa pana nafasi, nijaze. Nikamwambia mtoto: "Nitarudi kabla ya Idi, mwanangu. Nitakuletea viatu vyekundu vya kuwaka taa. Hesabu siku." Nikaongeza na kilio, na wewe ukalia. Dulla akaandika kwamba watu wamepagawa.

Idi ikafika kwenye tamthilia, mama hakuja. Nami nilishaahidi. Nikasema meli imechelewa. Sehemu iliyofuata hakuja, nikasema bosi wake kamnyima ruhusa. Shida yangu ilikuwa yule mtoto. Hasubiri. Anaonekana uwanjani anacheza badminton na wenzake, anacheka, jino limeng'oka. Mimi natafsiri, "Anacheza ili asahau machungu." Anakula tambi, anajipaka mchuzi, anacheka tena. "Masikini, anacheka na huku moyo unalia." Nilimpa msiba mtoto asiye na msiba. Na watu kule chini ya video wakaanza kuandika: mama gani huyu, mwongo, muuaji, angekaa kimya kuliko kuahidi. Bibi yako naye akapiga. "Huyo mwanamke wa stendi," akasema, "mwongo kama nani vile?"

Alijua alichokuwa anauliza. Na wewe sasa una miaka kumi na miwili, nikuambie, ingawa nadhani unajua nusu.

Ulikuwa na miaka minne. Tiketi yangu ilikuwa ya usiku. Kila mtu aliniambia, mtoto haagwi, atalia, atakutia mkosi njiani, mtoroke. Nami nilikuwa na miaka ishirini na miwili, nilisikiliza kila mtu. Nikakuambia, "Saumu, nakwenda gengeni kununua nyanya, nishikie hiki kibakuli." Nikatokea mlango wa uani. Begi langu lilishatangulia kwa jirani.

Bibi yako aliniambia baadaye. Kila mgeni aliyepiga hodi ulimwambia, "Mama kaenda kununua nyanya." Mwezi, miezi. Wakubwa wakawa wanacheka, wanakuita Mama Nyanya. Ukawa unalala na kile kibakuli. Miaka miwili baadaye baba yako akafanikisha karatasi zako, ukaletwa. Nimesimama pale uwanja wa ndege wa Baiyun na koti la kukuvisha, ukaja umeshikwa mkono na mtu, ukanitazama usoni, halafu ukanitazama mikono. Ukauliza, "Nyanya ziko wapi?"

Watu waliokuwa pale walicheka. Na mimi nilicheka. Halafu nikaenda chooni nikakaa mpaka wakaja kunigongea.

Wewe hukuniita Mama mpaka mvua za mwaka ule zilipokwisha. Uliniita "wewe." Sikukulaumu hata siku moja, lakini pia sikukuomba radhi. Nilinunua vitu. Nikakununulia vile viatu vya kuwaka taa, vyekundu. Sasa unaelewa vilitoka wapi kwenye mdomo wa yule mama. Nilimpa maneno ambayo natamani ningekuwa nimekuambia. Nikadhani nikiahidi vizuri, kwa sauti nzuri, na mchele ukianguka kama mvua, itakuwa sawa na kuaga.

Siku ulipopanda kutoka kwa Mama Yanti ukasimama mlangoni hapo, nilijua kuna jambo. Ulikuwa umeitazama sehemu ile kwake, yenye sauti yake.

"Mama," ukasema, "umemsingizia yule mama."

"Mama gani?"

"Wa stendi. Hakusema Idi. Hakusema viatu."

Nikakujibu vibaya. Nikasema, "Wewe mtoto, ile ni tamthilia tu. Nani atajua?"

Ukasema, "Mimi najua."

Siku mbili ukagoma kupiga miguu. Nikarekodi watu wanaotembea kimya kama mizimu, Dulla akalalamika. Siku ya tatu nikashuka mwenyewe, nikamwomba Mama Yanti aniwekee. Tukakaa watatu kwenye robota la mitandio. Yule mwanamke anachuchumaa, anamshika mtoto mabega. Mama Yanti anakwambia wewe, wewe unaniambia mimi. Yalikuwa maneno machache, nimeyashika yote:

"Mwanangu, sijui nitarudi lini. Nikikutajia siku nitakuwa nakudanganya. Usinisubiri mlangoni. Nenda ukacheze. Nikija, nitakutafuta huko huko unakocheza."

Basi. Akapanda basi. Ndiyo maana mtoto yule anacheza badminton. Alipewa ruhusa.

Mama Yanti alifuta macho kwa mtandio wa mteja. Yeye ana watoto wawili kule Surabaya, anawaona kwenye kioo cha simu. Aliniambia kitu ukanitafsiria: "Anasema sehemu hii hawezi kuitazama akiwa peke yake." Mimi nikasema nakwenda kuinjika maji. Sikuinjika maji.

Wiki iliyopita tulipokuwa tunakunja nguo zako uliniuliza, "Utakuja lini Tanga?" Nikasema upesi, kama mtu anayejifuta mkono, "Mwezi wa kumi na mbili, mama, likizo." Uliitikia kwa kichwa. Hukufurahi, hukununa. Uliitikia kama mtu anayetazama filamu anayoijua mwisho wake. Hilo ndilo linaloniuma tangu siku ile. Si kwamba hukuniamini. Ni kwamba ulinivumilia.

Kwa hiyo naandika sasa, maana kuandika hakuna muziki nyuma yake. Mwezi wa kumi na mbili si kweli. Niliutoa kichwani. Kibali changu kinakwisha mwakani, na nikitoka sasa sina hakika kama watanirudisha ndani. Nikibaki, robota zinafungwa, bibi yako anakula, na wewe unasoma. Mwalimu Bea amerudi kwao Lubumbashi, darasa lake la sebuleni limekwisha, na shule za hapa hazikukupokea kwa karatasi tulizonazo. Ningekuwa na njia ya kukuweka hapa ningekuweka hata ndani ya lile kabati. Sina. Inaweza kuwa mwaka mmoja. Inaweza kuwa mitatu. Sijui nitakuja lini, Saumu. Nimeandika.

Watu wa mtaani watakuuliza, watakuuliza sana, Tanga haina siri. "Mama yako anarudi lini?" Jibu kwamba hajui. Usinitengenezee tarehe ili nionekane mzuri. Na wenzako wakikuita kucheza, wewe nenda. Usije ukakaa kibarazani na uso mrefu ukidhani ndiyo heshima yangu. Ukicheka, jua nimefurahi. Ukilia, lia kwa bibi yako, ana mapaja mapana, na mimi nimeyalilia. Kile kibakuli bado kipo kabatini kwake, aliniambia. Kitumie kuwekea vitu. Ni kibakuli tu.

Usiku wa leo nitarudi kutoka uwanja wa ndege na ndara zako ndogo zitakuwa mlangoni hapo, maana umegoma kuzipakia, unasema Tanga utanunua mpya. Sitaziondoa mara moja. Nimeshajiandaa na hilo. Nisichoweza kujiandaa nacho ni saa kumi na mbili ya kesho, mashine zikinyamaza. Kelele zake nimezitukana miaka yote hii, na kesho naona nitamwomba laoban asizime.

Lakini nina wazo, usilicheke. Nimemwambia Dulla sitaki tena kukisia. Wewe kule Tanga utakuwa unasikiliza sehemu mpya, unaniandikia kila mtu alichosema kweli, hata kama ni "nipitishie chumvi." Mimi huku nitatia sauti. Miguu nitaipiga mwenyewe. Dulla anasema watu watachoka na ukweli. Mimi sidhani. Nadhani wakimsikia yule mama wa stendi kwa maneno yake, wapo wengi pale Tanga, na wapo wengi hapa Xiaobei wanaofunga mizigo, watakaoirudisha nyuma wamsikie tena. Tutaanza naye. Tutamrudia tumwombe radhi. Na siku moja tutakuwa na chumba chetu cha kurekodia, Ngamiani pale pale, chenye kuta nene, tutarekodi mchana

Zimenyamaza. Sikujua kuwa ni saa kumi na mbili tayari. Nyumba nzima imekuwa kimya mpaka nasikia kalamu. Na ndara zangu zinapanda ngazi, na za Mama Yanti nyuma yake.

Unaita. "Mama, wameenda kula. Uko tayari?"

Nakuja, mama. Wewe shika simu, mimi naingia kabatini, na safari hii nitasema kama alivyosema yeye, neno kwa neno, sitaongeza hata